Insha ya Kubuni: Fuwele Inayofunga Nguvu Hatari

SWALI

Andika kisa kitakachomalizika kwa maneno haya: ". . . Hapo ndipo nilipofahamu kwamba ufa haukuwa kwenye jiwe." (Alama 20)

Swali la aina hii hujitokeza katika Karatasi ya Kwanza, miongoni mwa yale matatu ambayo mtahiniwa huchagua moja baada ya kujibu swali la lazima. Humpa mwanafunzi uhuru mkubwa, na uhuru huo ndio unaowaangusha wengi. Jiwe linaweza kuwa la msingi wa nyumba, la kusagia, la kaburini au la mgodini. Katika somo hili tutafuata njia moja tu, ile ambayo wanafunzi wa siku hizi huipenda kwa sababu ya filamu na michezo ya simu: jiwe ni fuwele iliyotengenezwa na watu ili kufungia ndani yake nguvu za ajabu zinazoweza kuangamiza.

Njia hii ni halali. Ni fantasia, na mtahini hatakunyima alama kwa sababu tu umeandika mambo yasiyoweza kutokea. Atakunyima alama ukiandika mambo yasiyoeleweka.

Nimesahihisha insha nyingi za namna hii. Jiwe hung'aa rangi ya zambarau, radi hupiga, adui hutupwa mbali, shujaa hulinyakua jiwe na kuuokoa ulimwengu. Ukurasa mzima ni mwanga mtupu. Mwishoni maneno ya swali hubandikwa kama stempu kwenye bahasha, ilhali hakuna ufa wowote uliotajwa tangu mwanzo. Insha kama hiyo, hata ikiwa na sarufi safi, ni nadra kupita alama 10.

SWALI LINADAI NINI?

Soma tena maneno uliyopewa, polepole. "Ufa haukuwa kwenye jiwe." Mtu hawezi kusema hivyo isipokuwa kabla ya hapo watu walidhani ufa uko kwenye jiwe. Kwa hiyo kisa chako lazima kiwe na jiwe, kiwe na shaka juu ya jiwe hilo, kisha kionyeshe kwamba kasoro ilikuwa mahali pengine: kwa mtu, katika familia, katika uongozi au katika ahadi iliyovunjwa.

Neno "nilipofahamu" linakufunga kwenye nafsi ya kwanza. Msimulizi ni mhusika. Asiwe mpita njia aliyesimuliwa na jirani. Na "hapo ndipo" hudai dakika moja mahususi ambayo msomaji ataiona. Ukimaliza kwa aya ya mawaidha kuhusu umuhimu wa ukweli, dakika hiyo imepotea. Zingatia pia kwamba maneno uliyopewa ndiyo ya mwisho kabisa. Usiyabadilishe yawe "alipofahamu", wala usiongeze sentensi baada yake.

FUWELE NI KITU GANI?

Neno fuwele hutumiwa kwa kitu kigumu ambacho chembe zake zimejipanga kwa utaratibu unaojirudia pande zote. Chumvi ya jikoni ni fuwele. Itazame punje yake kwa kioo cha kukuzia, utaona kijisanduku chenye pembe. Sukari ni fuwele, almasi ni fuwele, na tanzaniti inayochimbwa Mererani ni fuwele. Kioo cha dirisha, ingawa kinang'aa kuliko chumvi, si fuwele, kwa maana chembe zake zimechanganyika bila mpango. (Lugha ina utani wake hapa: bilauri tunayonywea maji ni neno lenye asili ya Kiarabu, na huko lilikotoka lilitaja fuwele angavu. Bilauri nyingi za leo ni za kioo.)

Mambo haya ya sayansi yanaingiaje katika somo la insha? Yanaingia kwa sababu sifa halisi za kitu humpa mwandishi sheria za bure. Fuwele hukua, safu juu ya safu, kama ile ya chumvi inayobaki maji ya bahari yakikauka taratibu. Almasi, pamoja na ugumu wake wote, hupasuka kwa pigo moja ikigongwa kwenye mwelekeo unaofaa, na uso wa mpasuko huwa laini kana kwamba umekatwa. Kwatzi, jiwe angavu linalofanya saa nyingi za mkononi zipige sawasawa, hutoa umeme kidogo ikibanwa. Ndugu wawili, Jacques na Pierre Curie, walilionyesha jambo hilo huko Ufaransa mwaka 1880. Ikipitishiwa umeme nayo hutetemeka, na ndani ya saa hutetemeka mara 32,768 kila sekunde. Jiwe linalokua, jiwe linalotetemeka, jiwe linalopasuka kwa mstari ulionyooka: mwanafunzi mwenye mambo hayo matatu kichwani hahitaji mwanga wa zambarau.

Hata wazo lenyewe la kufungia hatari ndani ya jiwe si ndoto tupu. Taka za mitambo ya nyuklia hutoa miale inayoua, na haziwezi kuchomwa zikaisha. Huko Marcoule, Ufaransa, kiwanda cha kuziyeyusha pamoja na kioo ili zigande ndani yake kilianza kazi mwaka 1978. Mwaka huohuo mtaalamu wa miamba wa Australia, Ted Ringwood, alipendekeza kitu kiitwacho Synroc, yaani mwamba wa kutengenezwa ambao fuwele zake hushika chembe za hatari ndani ya mpangilio wao wenyewe. Aina moja ya plutoni inayopatikana katika taka hizo huhitaji miaka ipatayo 24,000 ndipo nusu yake iishe. Jiwe linaweza kutengenezwa likastahimili muda mrefu. Swali gumu zaidi ni nani atakayelilinda, na atamwambiaje mjukuu wa mjukuu wake kwamba hapa pasichimbwe. Swali hilo la pili ndilo litakalotupa kisa.

CHOMBO NA SHERIA YAKE

Fasihi simulizi ilikuwa na vyombo vya kufungia nguvu kabla ya filamu zote unazozijua. Kumbuka hekaya ya mvuvi na jini katika Alfu Lela U Lela. Mvuvi maskini hutupa wavu mara nne kwa siku. Mara ya nne anavua chupa ya shaba iliyozibwa kwa risasi na kupigwa mhuri wa Nabii Sulemani. Anaifungua, moshi unapanda hadi mawinguni, na moshi unakuwa jini anayetaka kumuua.

Wanafunzi wakiulizwa kuhusu hekaya hii husifu ujanja wa mvuvi, aliyejifanya haamini kwamba jini mkubwa vile alitosha ndani ya chupa, mpaka jini akarudi ndani kumthibitishia. Sawa. Lakini tazama chombo. Mwanzoni mwa kifungo chake jini aliapa kumtajirisha atakayemfungua. Miaka ikapita kwa mamia bila mtu kuja. Akaapa kumpa hazina za ardhi, kisha kumtimizia haja zake. Mwishowe, kwa hasira ya kusubiri, akaapa kumuua. Chupa haikumshika tu. Ilimgeuza. Aliyemfunga hakufikiria jambo hilo, na aliyelipa gharama karibu awe mvuvi ambaye hakumkosea mtu. Zingatia pia kwamba mvuvi hakumshinda jini kwa nguvu mpya iliyochomoza ghafla. Alitumia sheria ileile ya chombo: kilichotoka humo kinaweza kuingia humo tena, na kifuniko kingali mkononi.

Sasa mlinganishe na Fumo Liyongo wa mighani ya pwani ya Kenya. Hapa chombo ni mwili wa mtu. Silaha hazimdhuru, isipokuwa sindano ya shaba ikichomwa kitovuni. Sheria ni moja, fupi, na inatajwa kabla ya kifo chake. Maadui hawakuivunja nguvu ya Liyongo. Walitafuta mlango wake, na mlango huo ulifunguliwa na Liyongo mwenyewe alipomwamini mwanawe akamwambia siri. Ukitaka kujua maana ya "ufa haukuwa kwenye jiwe", ndiyo hiyo: mwili ulikuwa mzima, nyumba ndiyo iliyopasuka.

Kabla ya kuandika, basi, tumia dakika tano kujiuliza mambo manne, na uyajibu kwa maneno ya kawaida kwenye karatasi ya kupangia kazi. Nguvu hii hufanya nini hasa ikimgusa mtu, ng'ombe au chakula? ("Huangamiza" si jibu.) Fuwele inahitaji nini kila siku ili iendelee kuishika? Dalili ya kwanza ya kushindwa kwake ni ipi? Na la nne, ambalo wanafunzi husahau: ni nani atakayepoteza kitu ukweli kuhusu dalili hiyo ukisemwa? Bila jibu la nne una mtambo. Ukiwa nalo una kisa.

INSHA YA KIELELEZO

Babu alikuwa msikilizaji wa jiwe, kama baba yake kabla yake. Kila jioni, kuku wakishaingia bandani, aliteremka ngazi za pango lililokuwa nyuma ya nyumba yetu, akachukua kijiti cha mpingo, akaligonga jiwe mara moja na kutega sikio. Mimi nilimshikia taa.

Jiwe lilikuwa na kimo cha mtoto wa miaka mitatu, jeupe, lenye pande sita. Halikuchimbwa mahali popote. Akina mama wa kijiji walilikuza kwa miaka kumi na miwili katika shimo la maji ya chumvi, safu juu ya safu, bila mtu kuruhusiwa kukimbia wala kupiga ngoma karibu nalo. Ndani yake walifungia uoto.

Uoto ulitoka chini ya mlima. Kitu ulichokigusa kilikua, wala hakikujua kukoma. Mwaka aliozaliwa Bibi ulitoroka kwa usiku mmoja tu. Mizizi ya mwembe ikainua nyumba tatu, na ng'ombe wakafa wamezingirwa na pembe zao wenyewe. Ndani ya fuwele, wazee walisema, uoto hutulia, kwa kuwa kila unapojaribu kupenya hukuta safu imejipanga. Lakini jiwe huchoka. Likichoka, sauti yake hubadilika siku kadhaa kabla ya kupasuka. Jiwe zima hulia ngiii, kama kengele ya mbali. Jiwe lililochoka hulia ko, kama kibuyu. Ndiyo maana palikuwa na msikilizaji, na ndiyo maana jiwe la pili, changa, lilisimamishwa tayari kando ya la kwanza.

Mvua za vuli zilipoanza, Babu naye alianza kujibu mambo ambayo sikuyasema. Nikimwambia uji umeiva, alijibu kwamba mbuzi amekwisha kuwafunga. Mama alicheka. Mimi pia nilicheka, mpaka jioni moja kule pangoni.

Babu aligonga. Jiwe likalia ko.

"Salama," akasema, akageuka kupanda ngazi.

"Babu, limelia vibaya."

"Ndiyo, itanyesha," akajibu.

Nilimshika mkono, nikarudia kwa sauti kubwa. Safari hii alisikia. Uso wake ukakunjamana. "Masikio haya yalilisikiliza jiwe kabla mama yako hajazaliwa," alisema. "Wewe shika taa."

Nilishika taa. Ningeweza kwenda kwa mzee wa kijiji usiku uleule. Lakini msikilizaji aliyepoteza masikio huondolewa kwenye nyumba ya pango, yeye na familia yake, na jina lake halitajwi tena siku ya tambiko. Nilimtazama akipanda, kiganja kimoja ukutani, nikajiambia kwamba labda mvua ndiyo iliyonichanganya. Jioni ya pili jiwe lililia ko. Jioni ya tatu likalia ko. Mama alipotuuliza mlangoni, Babu alisema, "Salama." Nami nikasema, "Salama."

Usiku wa nne niliamshwa na nywele zangu. Zilikuwa zimefika magotini na bado zilikuwa zikiteremka. Mlango haukufunguka; mbao zake zilikuwa zimechipuka majani na kushikana na kizingiti. Nilipitia dirishani. Babu alikuwa tayari pangoni, amepiga magoti, jiwe la zamani limegawanyika vipande viwili mbele yake na mwanga wa kijani ukifurika kama maziwa yaliyochemka. Kucha zake zilikuwa ndefu kuliko vidole.

"Utahamia upande wenye sauti safi," alisema. "Gonga jiwe changa usikilize. Mimi siwezi."

Hakuwa amewahi kulisema neno hilo. Niligonga upande wa kwanza, wa pili, wa tatu. Upande wa tano ulilia ngiii. Tuliviegemeza vile vipande hapo, nikagonga bila kukoma, na mwanga ukahama kidogo kidogo hadi jogoo wa kwanza.

Kulipokucha nyumba nne zilikuwa chini, na mkono wa kuume wa Babu haukuweza tena kukunjuka. Wazee waliteremka kwa hasira. Walisema jiwe lilikuzwa vibaya, lilikuwa na ufa tangu shimoni. Ajuza mmoja kati ya wale waliolikuza aliinama, akapapasa uso wa mpasuko. Ulikuwa laini kama uliokatwa kwa kisu.

"Mnatulaumu bure," alisema. "Jiwe hili halikuwa na kasoro. Lilichoka, na likasema. Lilisema siku tatu au nne. Nani alikuwa akilisikiliza?"

Wote walimtazama Babu. Babu alinitazama mimi, akitabasamu kidogo kama afanyavyo asiposikia swali. Mkononi nilikuwa bado nimeshika taa. Hapo ndipo nilipofahamu kwamba ufa haukuwa kwenye jiwe.

MAONI YA MTAHINI

Insha hii ingeingia kiwango cha A, kati ya alama 16 na 20. Tuangalie sababu, na pia mahali inapolegea.

Sheria ya jiwe imetolewa mapema, katika aya ya tatu, wakati msomaji bado hajui kwamba ataihitaji. Jiwe la pili limetajwa papo hapo. Hili ni jambo dogo lenye uzito mkubwa. Kama jiwe changa lingegunduliwa usiku wa nne, wakati nywele za msimulizi zinateremka, wokovu huo ungekuwa sadfa dhaifu, na msomaji angehisi amedanganywa. Likiwa limesimama hapo tangu mwanzo, halimshangazi mtu.

Hatari nayo inaonekana kwa macho. Mwandishi hakuandika kwamba uoto ni "nguvu kubwa ya kutisha". Ameonyesha ng'ombe aliyezingirwa na pembe zake na mlango uliochipuka majani. Mwanafunzi anayeandika "nguvu hizo zilikuwa za ajabu mno" amemwachia mtahini kazi ya kubuni.

Majibu ya Babu kuhusu mbuzi na mvua ni kiangaza mbele: yanachekesha yakisomwa mara ya kwanza, na mara ya pili hayachekeshi. Tanakali za sauti, ngiii na ko, zinabeba taharuki yote. Hebu hesabu mara ambazo ko inarudiwa, kisha utazame jinsi sentensi zinavyofupika pale. Kinaya kiko wazi: msikilizaji hasikii. Kipo kinaya cha pili kilichojificha zaidi, kwamba aliyesikia ndiye aliyenyamaza. Taa ni ishara. "Wewe shika taa" ni amri ya kumnyamazisha mtoto, na katika mstari wa mwisho kabisa kabla ya maneno ya swali taa ingali mkononi mwake, ingawa kumekucha.

Mahali panapolegea ni kwa Mama. Anaishi katika nyumba ya msikilizaji, anasikia majibu ya ajabu ya baba yake, anacheka, na baada ya hapo anauliza swali moja tu mlangoni. Sentensi moja zaidi ingetosha kutueleza kama naye alishuku akaogopa. Swali la ajuza pia linamfikia msimulizi kwa wepesi kidogo, kana kwamba lilipangwa. Hata hivyo mtahini hangepunguza alama nyingi hapo. Kielelezo pia ni kirefu kuliko kiwango cha chini cha maneno 400. Ukiona muda unakupungukia, fupisha safari ya pangoni ya usiku wa nne, usifupishe zile jioni tatu.

Je, ufa ulikuwa wapi? Wanafunzi wengi watajibu: kwenye masikio ya Babu. Jibu hilo lina ukweli lakini ni jepesi. Uziwi wa uzeeni si kosa la mtu. Wengine watasema: kwenye kimya cha mjukuu, na neno "nilipofahamu" linawaunga mkono. Mimi ningempa alama zaidi atakayekwenda hatua nyingine na kuuliza ni nani aliyeufanya ukweli ule uwe ghali kiasi hicho kwa mtoto. Kijiji kilichoweka jiwe la akiba hakikuweka msikilizaji wa akiba, na kilimwahidi msikilizaji mzee kwamba akikiri udhaifu wake atafukuzwa nyumbani na jina lake kufutwa.

Tanbihi ya sarufi. Ukipokezana maneno jiwe na fuwele, upatanisho lazima ubadilike. Jiwe ni ngeli ya LI-YA: jiwe lile lilipasuka, mawe yale yalipasuka. Fuwele ni ngeli ya I-ZI: fuwele ile ilipasuka, fuwele zile zilipasuka. "Fuwele lake" ni kosa ninaloliona kila mwaka. Ufa ni U-ZI, na wingi wake ni nyufa: ufa uliziba, nyufa ziliziba.

ZOEZI

1. Eleza sheria mbili zinazotawala jiwe katika kielelezo, na utoe ithibati. (Alama 4)

2. Linganisha na utofautishe chupa ya jini katika hekaya ya mvuvi na jiwe katika kielelezo. (Alama 6)

3. "Kijiji ndicho kilichovunja jiwe." Jadili ukirejelea kielelezo. (Alama 10)

4. Andika aya mbili za mwanzo za kisa kitakachomalizika kwa maneno yaleyale. Safari hii fuwele yako iwe ya chumvi, katika mji wa bandari, na masika yanakaribia. Usimtaje shujaa wako kabla ya kutaja sheria ya jiwe.

Vidokezo vya majibu

Swali la 1: Jiwe hubadilisha sauti siku kadhaa kabla ya kupasuka (ngiii huwa ko). Nguvu huhamia kwenye upande wa jiwe jingine wenye sauti safi (upande wa tano). Mtahiniwa akitaja kwamba jiwe hukuzwa bila kelele, akubaliwe pia.

Swali la 2: Vyote viwili vimefunga nguvu inayozidi uwezo wa binadamu, na vyote vinarudisha usalama kwa kufuata sheria zake vyenyewe. Tofauti: chupa imefungwa kwa mhuri na kusahaulika baharini, jiwe linahitaji mtu kila jioni. Kilichomo chupani kina akili, kinaapa na kubadili nia. Uoto hauna nia. Chupa inafunguliwa na mtu asiyejua kilichomo, jiwe linapasuka mikononi mwa wanaojua vyema.

Swali la 3: Mwanafunzi anaweza kuunga au kupinga. Anayeunga ataje adhabu ya kuondolewa nyumbani, jina kutotajwa kwenye tambiko, kazi ya hatari kubwa kuachiwa masikio ya mtu mmoja, na wepesi wa wazee kuwalaumu waliolikuza jiwe. Anayepinga ataje kiburi cha Babu alipoonywa, na jioni tatu ambazo mjukuu alikuwa na ulimi lakini hakuutumia. Jibu linaloorodhesha hoja bila kurejelea kisa lisipite alama 4.

Swali la 4: Hakuna jibu moja. Mtahini atafute maji mapema: unyevu hewani, jasho la viganja vya mlinzi, paa linalovuja.